Rojo la stroberi la ndoo: kazi linaifanya, ladha tuitafute sufuriani

Nianze na sifa, maana ndoo hii ya rojo la kujaza keki, lile linalouzwa likiwa tayari, inazo. Ukiondoa kifuniko unakuta rojo jekundu linalong'aa kama kucha zilizotoka kupakwa rangi, na ndani yake vipande vya stroberi vimekaa katikati, havikuzama wala havikuelea. Chota kijiko ukiinamishe: halichuruziki, linateremka pole pole kwa pamoja. Litandaze juu ya keki ya inchi nane, linatulia pale pale. Nililiacha ndani ya keki iliyokwisha katwa, kwenye friji, usiku kucha. Asubuhi mstari mwekundu ulikuwa umenyooka na keki ya chini haikulowa hata kidogo. Kwa mtu anayeuza keki Nairobi, hilo si dogo.

Naoka keki za oda nyumbani, South C. Kwetu hasa ni Mombasa, Mji wa Kale, na mambo ya kupika matunda nimeyachukua kwa mama, ambaye hajapata kununua rojo lililo tayari maishani mwake na anaamini maduka ya vifaa vya keki yamefunguliwa kuwaibia watu mchana kweupe. Simuungi mkono kwa yote. Ndoo hii niliinunua mjini kati, kwenye moja ya yale maduka yaliyojaa mabati ya kuokea, bodi za keki na vichupa vya rangi hadi darini. Kampuni siitaji, kwa sababu nimeshatumia za kampuni mbalimbali na naona zinatofautiana karatasi ya nje tu. Ninalosema hapa linahusu rojo la ndoo kwa jumla, na ninalipima na lile ninalopika mwenyewe.

Kabla ya kuonja, geuza ndoo usome viungo. Huandikwa kwa kufuata uzito, kilicho kingi kwanza. Kwenye ndoo yangu sukari ilitangulia, yakafuata maji, ndipo stroberi zikapata nafasi. Baada yake ni nambari: 1442, 330, 202, 129. Ya kwanza ni wanga uliofanyiwa marekebisho kiwandani, ya pili ni asidi ya sitriki, ya tatu ni dawa ya kuzuia ukungu, ya mwisho ni rangi nyekundu. Sisemi ni sumu, maana zinaruhusiwa kwenye vyakula katika nchi nyingi, na biskuti nyingi wanazokula watoto wetu zina nambari zao pia. Nasema tu ujue unalipia nini. Unalipia 1442.

Na 1442 inastahili heshima yake. Konflawa ya kawaida, ile ya pakiti tunayoweka kwenye kastadi, ina tabia mbili zinazomtesa mwokaji. Ukiichemsha muda mrefu pamoja na kitu kichachu, asidi huikatakata na rojo linarudi kuwa jepesi. Na ukiigandisha kwenye friza kisha ukaiyeyusha, hukamua maji yake nje, keki ikalowa na rojo likabaki na chembe chembe. Wanga wa kiwandani umefungwa na kubadilishwa ili usifanye lolote kati ya hayo. Ndiyo maana rojo la ndoo unaweza kulitia friza, ukalitoa, ukalipeleka Kitengela juu ya bodaboda, na likafika vile lilivyoondoka.

Basi tuonje. Onjo la kwanza ni sukari. La pili ni sukari. Uchachu unakuja mwishoni, mkali na mfupi, na hauna uhusiano na tunda. Harufu ya stroberi ipo, ila ni stroberi ya pipi. Vipande vyenyewe ukivitafuna havina upinzani wowote, vimeshapikwa hadi vimesahau vilikuwa nini. Ukiweka rojo hili kati ya keki ya vanila na krimu ya kuchapwa yenye sukari yake, utamu unakuwa juu ya utamu. Niliwakatia watu wa nyumbani bila kuwaambia chochote. Watoto wa jirani walilamba sahani. Shangazi wa mume wangu alitafuna taratibu, akauliza, "Mwanangu, hii ni jamu?" Nikamwambia ni rojo la stroberi. "Haya," akasema, akamega upande usiokuwa na rojo.

Kuna keki moja ambapo rojo la ndoo limenipendeza: keki ya limau iliyo kavu kidogo, yenye krimu ya siagi iliyopunguzwa sukari. Hapo uchachu wa keki unalisaidia. Pia ukilipasha moto kidogo na kulikamulia ndimu nzima, ukatia punje za chumvi, linaamka. Lakini ukishafika mahali pa kulipasha moto na kulikamulia ndimu, umeshawasha jiko, na hapo swali la kwa nini usipike la kwako linajileta lenyewe.

Mambo mengine ya dukani nitayapita haraka. Jamu ya chupa si rojo la keki. Jamu imetengenezwa ili ikae kabatini, kwa hiyo sukari yake ni nyingi mno, mara nyingi zaidi ya nusu ya chupa, na ukiipaka nene inateleza na kuifanya keki ya juu itembee. Ipake nyembamba, ndani ya keki ya siku ya pili, inatosha. Kopo la cheri kutoka nje ni zuri, tena ladha yake ni ya tunda kuliko ndoo, ila bei yake inamfaa anayelipa kwa pesa za harusi. Keki yenyewe ya black forest ni ya Wajerumani, na asili yake ni cheri na pombe ya cheri, kwa hiyo wenzangu mnaookea Waislamu someni kopo mpaka mwisho, maana baadhi ya cheri huhifadhiwa kwenye pombe. Hapa kwetu black forest nyingi za mtaani ni keki ya kakao, krimu, na kicheri kimoja chekundu juu, na hakuna anayelalamika.

Sasa niende kwenye soko, kwa sababu ladha ninayoitafuta inaanzia huko, na ubovu wa marojo mengi ya nyumbani huanzia huko huko.

Matunda ya keki nanunua soko la City Park, Parklands. Si rahisi kuliko kwingine. Ukitaka rahisi nenda soko la Marikiti alfajiri, kule barabara ya Haile Selassie, ununue kreti nzima ubishane na mikokoteni. City Park nalipendea jambo moja: wachuuzi wake wamezoea wateja wanaouliza. Hakuna anayekunja uso ukisema unataka pasheni zilizokunjamana au embe lililolegea. Ninaye shosho mmoja, yaani bibi mzee, wa upande wa matunda ambaye sijamwambia hata mara moja kwamba naoka keki, aligundua mwenyewe.

"Shosho, stroberi za leo zikoje?"

"Za kupamba ni hizi hapa. Za kupika niko nazo chini, hizo nitakupunguzia."

Za chini ndizo nzuri. Stroberi kubwa yenye mabega meupe inapendeza kwenye picha, na haina kitu. Ya kupika iwe ndogo, nyekundu hadi kwenye kikonyo, hata ikiwa imeanza kulainika, mradi haina ukungu. Kile kibakuli cha plastiki kigeuze uangalie chini, kwa sababu zilizopondeka hulala huko na maji yake huonekana. Nyingi zinatoka Limuru na pande za Kiambu, na mvua ikinyesha mfululizo zinajaa maji. Siku kama hizo nanunua zaidi kidogo na kupunguza maji sufuriani.

Huyo shosho ndiye aliyenionyesha plamu. Mwisho wa mwaka zikianza kujaa sokoni, zile za rangi nyekundu iliyoiva sana, zina uchachu wake, zina ngozi yenye rangi, na zina pektini, ile inayogandisha jamu, ya kutosha kushikana bila kuhitaji konflawa nyingi. Nilizipika na sukari na kijiti cha mdalasini nikatia kwenye black forest badala ya cheri. Siku hizi kuna wateja wanaoagiza hiyo tu, na hakuna ndoo ya plamu niliyoiona dukani mpaka leo.

Tuingie jikoni. Kwa stroberi, nusu kilo iliyokwisha kuoshwa na kutolewa vikonyo inatosha kujaza keki ya inchi nane yenye matabaka matatu. Zikate nusu nusu, zinyunyizie gramu 100 za sukari, uziache saa moja. Sukari itavuta maji nje ya tunda, na hiyo saa moja ndiyo inayotenganisha rojo na uji mwekundu. Chuja yale maji uyatie sufuriani peke yake, uyachemshe mpaka yapungue karibu nusu. Tunda lenyewe bado liko kwenye bakuli, halijaguswa na moto. Koroga vijiko viwili vya mezani vya konflawa kwa maji baridi kidogo, vimimine kwenye yale maji yanayochemka huku unakoroga kwa mwiko. Yakiisha kuwa mazito na kung'aa, tia stroberi zako, zichemke dakika moja au mbili, epua. Ndimu inatiwa mwisho, baada ya kuepua, kwa sababu ile ile niliyoitaja ya asidi na wanga. Kijiko kimoja cha mezani, na punje za chumvi.

Wengi hutupa kila kitu sufuriani kwa pamoja na kuchemsha nusu saa. Tunda linayeyuka, rangi inageuka kahawia, na harufu yote inaishia dirishani. Harufu ya stroberi ni nyepesi, inaondoka na mvuke. Ndiyo maana ninachemsha maji yake na kuliacha tunda.

Na hapa kuna habari ambayo mama yangu hakuwa na sababu ya kunifundisha, kwa kuwa yeye anapikia usawa wa bahari. Mombasa maji huchemka kwenye nyuzi 100. Nairobi iko karibu mita 1,700 juu ya bahari, hewa ni nyepesi, na maji huchemka kwenye nyuzi 94 au 95 hivi. Unaona mapovu, unadhani moto ni ule ule, kumbe sufuria yako ina joto pungufu. Konflawa inataka joto karibu na hilo ili ilegee na kushika sawasawa, na sukari ikiwemo ndani huichelewesha zaidi. Kwa hiyo usiepue rojo mara tu linapoonekana zito. Lisubiri litoe mapovu makubwa yanayopasuka kwa sauti, sufuria nzima, si pembeni tu, kisha lihesabie dakika nyingine. Likiepuliwa mapema linabaki na ladha ya unga mbichi, ile inayokwama kwenye ulimi, na kesho yake linalegea.

Anayependa kupika bila konflawa, kwa sukari na tunda tu mpaka lishikane, aangalie zaidi. Maelekezo mengi ya jamu husema upike mpaka kipimajoto kisome 104 au 105. Nambari hizo ni za watu wa pwani. Ukizisubiri hapa, maji yanakuwa yameshapotea kupita kiasi na unachopata ni kitu cha kung'oa meno. Fanya hivi: chemsha maji matupu, tumbukiza kipimajoto, soma. Nambari utakayoiona, ongeza nyuzi nne au tano, hapo ndipo mahali pako pa kuepulia. Huna kipimajoto, weka kisahani friza, tonesha tone moja, lisukume kwa kidole. Likikunjamana, limekuwa.

Rojo likipoa usilikoroge tena ovyo. Wanga ukishaganda, ukiuvuruga kwa nguvu unavunjika na haurudi. Lifunike kwa plastiki iliyogusa uso wa rojo ili lisifanye ngozi, liingie friji, likapoe kabisa kabisa. Rojo la vuguvugu juu ya krimu ni oda ya kurudisha pesa.

Kisha ukuta. Kabla ya kumimina rojo, zungusha krimu nzito kwenye ukingo wa keki, kwa mfuko, iwe kimo cha kidole. Chini paka krimu ya siagi kidogo sana, nyembamba ya kuziba matundu tu, maana mafuta huzuia maji kupenya kwenye keki. Rojo likae ndani ya ukuta, lisifike juu yake. Ukiyafanya hayo, rojo la sufuria linashika karibu sawa na la ndoo kwa siku mbili. Siku ya tatu ndoo inashinda, sina ubishi.

Pasheni nimeipa nafasi yake kwa sababu ndilo rojo ninaloringia, na ndilo linalowashinda wengi. Lina uchachu mkali, na likipikwa na konflawa kwa muda mrefu haligandi, kadiri unavyochemsha ndivyo linavyozidi kulegea. Wapo wanaozidisha unga, wakapata gundi ya njano. Mimi nimeacha unga kabisa, napika kwa viini vya mayai. Viini vinne, sukari gramu 100, juisi ya pasheni iliyochujwa kiasi cha nusu kikombe, kwenye bakuli juu ya sufuria ya maji yanayochemka taratibu, unakoroga bila kuacha. Kikifika joto la nyuzi 80 hivi kinashika mgongo wa mwiko. Hapo unaepua na kuyeyushia siagi gramu 80, kipande kwa kipande. Joto la kugandisha kiini halijali kama uko Mombasa au Nairobi, maana halifiki la kuchemka, kwa hiyo hili nilipika hapa vile vile nilivyolipika kwetu. Rudishia kijiko kimoja cha mbegu. Zikiwa nyingi mteja anadhani amemwagiwa mchanga, na zisipokuwepo hakuna atakayeamini ni pasheni.

Pasheni ya kununua ni ile ya zambarau, nzito mkononi, ngozi imekunjamana. Ile laini inayong'aa bado ni chachu bila harufu. Watu wanaikimbia iliyokunjamana wakidhani imekauka, basi bei inashuka, nami nanyamaza.

Embe linataka mkono mwepesi. Ngowe ndilo langu, na nitapigana na mtu wa bara yeyote atakayeniambia vingine. Halina nyuzi na lina harufu inayobaki hata baada ya kupikwa. Lisipopatikana, embe la apple linafaa, nalo pia asili yake ni pwani. Msimu mkubwa ni kuanzia Desemba hadi Machi hivi. Saga nusu, nusu ikate vipande vidogo, pika kile kilichosagwa tu kwa konflawa kijiko kimoja na sukari kidogo sana, changanya vipande baada ya kuepua, malizia kwa ndimu na iliki. Bila ndimu embe linakuwa zito na la kuchosha. Rojo la embe la ndoo nimelionja pia, na hilo sitalinunua tena: linanuka embe, mdomoni ni kama kastadi.

Nanasi lipikwe. Watu wanakata nanasi bichi, wanalitandaza juu ya krimu ya maziwa, asubuhi krimu imegeuka uchungu na imelegea, wanalaumu friji au wanalaumu stima. Nanasi bichi lina kimeng'enya kinachokula protini. Kinakula ya maziwa, na kinakula jelatini vile vile, ndiyo maana jeli ya nanasi bichi haigandi hata ukiiombea dua. Papai nalo lina chake. Lichemshe dakika chache, kimeng'enya kinakufa. Au tumia agaragari, ile tunayotilia faluda, ambayo haitokani na mnyama, haina protini ya kuliwa na nanasi, na inakuondolea swali la jelatini imetoka wapi. Agaragari lakini hutoa rojo la kukatika, si la kunyumbulika, kwa hiyo tia kidogo mno.

Mtu ataniuliza kuhusu friza, kwa sababu wengi tunaoka Jumatano keki za Jumamosi. Hapo konflawa inaanguka. Nimeona wanga wa muhogo unavumilia zaidi, na rojo lake linakuwa angavu zaidi na halina ladha ya nafaka. Angalia usichanganye: wanga wa muhogo si unga wa muhogo wa ugali. Unga ni muhogo mzima uliosagwa na nyuzi zake, utakupa rojo la kijivu.

Kuhusu pesa, ukilinganisha kilo ya ndoo na kilo ya stroberi mbichi, ndoo inaonekana rahisi. Lakini kilo ya ndoo ina sukari na maji ambayo jikoni kwako yapo tayari kwa bei ya sukari na maji. Ukihesabu tunda peke yake, sufuria inashinda wakati wa msimu na kushindwa nje ya msimu. Kisha ongeza gesi, ongeza saa ya kusubiri sukari ivute maji, ongeza saa za kupoza. Mwenye oda moja kwa wiki hatazihisi. Mwenye oda sita Ijumaa usiku, stima imepotea na mtoto ana homa, atazihisi vizuri sana, na simlaumu akifungua ndoo. Nami nimefungua.

Kwa hivyo hukumu yangu haiko upande mmoja. Keki ya harusi ya ghorofa, inayokaa ukumbini tangu asubuhi, inayosimama kwenye msongamano wa Mombasa Road huku dereva anawasha na kuzima: rojo la ndoo, tena bila aibu. Keki ya kugandishwa: ndoo, au wanga wa muhogo. Keki ya watoto wa darasa zima: ndoo, watafurahi. Keki ya mtu mzima anayejua stroberi ina ladha gani, keki ndogo ya kuliwa siku hiyo hiyo, keki ya pasheni ya aina yoyote: sufuria. Nimezitenga hata kwenye bei. Rojo la sufuria nalitoza zaidi, na nikieleza ni la stroberi zilizonunuliwa jana City Park, wengi wanalichagua hilo.

Ndoo nitaipa nyota tatu kati ya tano. Mbili ni za kutulia mahali pake, moja ni ya kuokoa usiku wa Ijumaa.

Ukiamua kununua, chukua ndoo iliyo ndogo kabisa, hata kama muuzaji anakuonyesha kubwa kwa bei ya kilo iliyo nafuu. Soma tarehe iliyopigwa kwenye ndoo yenyewe, usitosheke na ya kwenye kifuniko, kwa sababu vifuniko huvuliwa na kuvalishwa. Bonyeza kifuniko katikati, kisiwe kimevimba. Ukishafungua, chota kwa kijiko kikavu, kisichogusa krimu wala maziwa, futa ukingo, rudisha friji. Na kama muuzaji anauza pia kwa kupima, kutoka ndoo iliyo wazi juu ya kaunta, mwambie ahsante uende kwa shosho.